Korti yetu inataka kamera nane na tableti ya kupiga picha vitambulisho. Nani atashika funguo?

KatibuBuru (mwenye uzi)

Wakuu, hamjambo. Mimi ni katibu wa korti moja, yaani nyumba kadhaa zenye geti moja, huku Buruburu, Nairobi, na naomba mawazo yenu kabla ya mkutano wa wakazi mwisho wa mwezi. Mwenyekiti ameleta kwotesheni ya kamera nane, kisanduku cha kurekodia, na tableti ya kukaa getini ili kila mgeni apigwe picha ya uso na ya kitambulisho kabla hajafunguliwa. Kila nyumba itachangia. Wengi wameshakubali na sababu wanazo: tumeibiwa mitungi ya gesi, vioo vya magari vimeng'olewa usiku, na jirani yangu alipokonywa simu akifungua geti, mwizi akiwa juu ya bodaboda.

Kamera sizikatai. Tayari tunayo moja ya zamani getini, na ndiyo iliyonifanya nianzishe uzi huu. Picha zake hutumwa kwenye kundi la WhatsApp la korti. Humo mna wenye nyumba, wapangaji, wapangaji waliohama kitambo, na hata fundi wa mabomba aliyeongezwa siku moja kuna mfereji umepasuka. Mwezi wa nne kulipotea mtungi wa gesi. Asubuhi mtu akaweka klipu ya msichana wa kazi akitoka getini na mfuko mkubwa wa miraba. Chini yake akaandika: "Ni huyu." Kabla ya saa nne klipu ilikuwa imefika kundi la korti jirani, la chama cha akina mama na la kanisa.

Mfuko ulikuwa na nguo zake. Mwajiri wake ndiye aliyempa ruhusa aende kwao kumwona mamake mgonjwa, na aliandika hivyo kundini mara mbili. Hakuna aliyejali. Binti hajarudi, na sidhani atarudi, kwa sababu kila duka la mtaa lilikuwa limeona uso wake. Mpaka leo hakuna aliyemwomba msamaha, na klipu iko kwenye simu za watu nisiowajua.

Basi hizo kamera nane zikifungwa, nani atazitazama? Nani atatoa picha, kwa nani, na zitakaa muda gani? Nimemuuliza mwenyekiti akanijibu, "Katibu, hayo ni ya baadaye, kwanza tuwe salama." Sijatosheka.

Mzee wa Reli

Mwanangu Katibu, nimekusoma, na huyo binti alidhulumiwa. Hata hivyo niruhusu niongee kama mtu aliyeona.

Tarehe 7 Agosti 1998, siku magaidi walipolipua ubalozi wa Marekani, nilikuwa kazini karibu na stesheni ya reli, si mbali na pale Moi Avenue inapokutana na Haile Selassie. Kulikuwa na mlipuko mdogo kwanza. Watu maofisini wakakimbilia madirishani kuona kuna nini. Ule mkubwa ukaja wakiwa wamesimama hapo hapo, na vioo vikawaingia machoni. Ndiyo maana mkisikia hadithi za waliopofuka siku ile ni nyingi hivyo. Hapa Nairobi tuliwazika watu 213. Jengo la Ufundi, jirani na ubalozi, liliporomoka lote, na kwa siku kadhaa tulikuwa tunasikiliza kama kuna sauti chini ya kifusi.

Halafu yakaja mashambulizi mengine ya magaidi: jumba la maduka la Westgate, Septemba 2013, watu 67. Garissa, Aprili 2015, watu 148, wengi wao watoto wa chuo. Hoteli ya Dusit, Januari 2019, watu 21. Tangu 1998, nikifunguliwa mfuko mlangoni mwa supamaketi, nasimama kimya na nashukuru. Na mjue kwamba waliowasaidia washambuliaji wa Dusit walipatikana kwa kufuata njia za pesa na vitambulisho ghushi. Mwaka 2025 Mahakama Kuu iliwafunga wanaume wawili miaka 30 kila mmoja. Kama hakuna mtu anayeweka kumbukumbu, mngewapata vipi?

Maiti hana faragha ya kulindwa. Fungeni kamera.

BintiEastlands

Mzee, heshima zako. Hakuna anayekataa kulindwa. Ila niwaambie kumbukumbu hizo zinafanya nini zikishaandikwa.

Nilienda intavyu kwenye jengo moja hapa Tao, katikati ya jiji. Mlangoni kuna meza, buku na kalamu iliyofungwa kwa uzi. Jina, nambari ya kitambulisho, nambari ya simu, unaenda ofisi gani, umeingia saa ngapi. Ninapoandika, naona kila kitu cha waliotangulia. Aliye nyuma yangu naye anasoma changu juu ya bega. Jioni nikapata ujumbe: "Mambo mrembo, ile blauzi ya kijani imekupendeza." Nikamfungia. Akaja na laini nyingine. Ya tatu ilipoingia nilitoa ile yangu, laini niliyokuwa nayo tangu shule, na huko ndiko nilikokuwa nangoja waajiri wanipigie.

Na nambari ya simu hapa Kenya si nambari tu. Ukiwa nayo unaanza kama unayetuma pesa, M-Pesa inakuonyesha jina la mwenyewe ili uhakikishe, kisha unaghairi. Jina ukishalipata unaenda Facebook. Ukiongeza na nambari ya kitambulisho, umebakisha nini?

Mnakumbuka Juni 2021 watu walipoanza kuangalia usajili wa vyama vya siasa wakajikuta ni wanachama? Mimi nilikuwa mmoja wao. Chama nisichokijua, sijawahi kuona hata ofisi yake. Wengi tulishuku mabuku ya mlangoni na ya maduka ya kutuma pesa, kwa sababu huko ndiko jina, kitambulisho na simu hukaa kwenye mstari mmoja, tayari kunakiliwa.

Kwa hiyo Mzee, lile buku la mlangoni lilimzuia nani? Gaidi ataandika jina lake kweli?

Soja wa Zamu

Dada pole. Mimi ni soja, mlinzi wa jengo lingine, sio hilo lako, lakini nataka msikie upande wa sisi tunaokaa na hilo buku.

Kitu kikipotea juu, mtu wa kwanza kuitwa ni mimi. "Buku liko wapi? Nani aliingia?" Kama kuna mstari haujajazwa, napoteza siku za mshahara. Kwa hiyo najaza. Watu wanaandika majina ya wanasiasa, wanaandika nambari za uongo, mimi siwezi kusoma kila moja kuna foleni mpaka barabarani. Ile fimbo ya kukagulia mwili betri ilikufa. Nimeomba nyingine. Napitisha tu kwa sababu bosi anaangalia kwenye kamera kama napitisha.

Buku likijaa hakuna mtu anayekuja kulichukua. Hakuna aliyeniambia nilipeleke wapi. Yako chini ya ngazi, yamepangwa, na wakati wa mvua maji huingia yanaloa. Mama anayeuza mandazi hapo nje aliomba karatasi, mwenzangu wa zamu ya usiku akampa moja. Siku iliyofuata nikanunua mandazi mbili, zimefungwa kwa ukurasa wa mwezi wa pili. Mafuta yamefanya karatasi iwe kama kioo, na majina na nambari zote zinasomeka mbele na nyuma. Niliwaza sana siku hiyo. Kuna mtu aliandika pale anaenda kwa daktari wa ghorofa ya nne, na daktari wa ghorofa ya nne watu wanajua ni wa nini.

Na vitambulisho. Wanaacha, wanasahau, kuna mkebe umejaa. Hakuna utaratibu.

Sisi si adui wa mtu. Tukifundishwa tutafanya. Lakini huwa tunapewa buku na kirungu, basi.

Sina la Kuficha

Mnapiga kelele ya bure. Simu mnazobeba zinajua mlipolala. Kama wewe si mhalifu, kamera ya geti inakusumbua nini?

Mama Wawili

Ndugu yangu, nitakujibu kwa heshima kwa sababu hilo swali nililiuliza pia kabla ya Juni 2024.

Vijana walipoandamana kupinga Mswada wa Fedha, wangu wa kwanza alikuwa miongoni mwao. Hakuwa na la kuficha. Alikuwa na bendera na chupa ya maji, na uso wake ulikuwa kwenye video za kila mtu. Wiki zilizofuata tuliona vijana wakichukuliwa majumbani na barabarani na watu wasiovaa sare, kwenye magari yasiyojulikana. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ilisema Desemba mwaka huo kwamba ilikuwa imehesabu watu 82 waliotekwa tangu Juni. Mimi nilimwambia mwanangu aache simu nyumbani akitoka. Fikiria mzazi anamwambia mtoto asibebe simu Nairobi hii, ambapo zamani tungemkaripia kwa kuisahau.

Kisha Juni 2025 akafa Albert Ojwang ndani ya kituo cha polisi cha Central, hapa hapa mjini. Mwalimu, aliyekamatwa Homa Bay kwa sababu ya chapisho la mtandaoni. Kituo kilikuwa na kamera. Na IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi, iliwaambia maseneta kwamba mfumo wa kamera hizo ulikuwa umevurugwa. Kamera za mji mzima zinaweza kumwona mwanangu akivuka Kenyatta Avenue, halafu ile moja iliyotakiwa kumlinda mtu aliye mikononi mwa serikali ndiyo inayoguswa.

Mimi pia nataka mwizi akamatwe. Nauliza tu mwenye kutazama anatazamwa na nani.

Mzee wa Reli

Mama Wawili, umenigusa. Na kwa haki, niseme jambo linalokuunga mkono. Westgate, kamera za ndani ndizo zilizotuonyesha wanajeshi wakitoka supamaketini na mifuko ya plastiki. Mwanzoni tuliambiwa ni maji ya kunywa. Baadaye jeshi lenyewe likasema wawili wamefukuzwa na kufungwa. Bila zile picha tungebaki na maneno matupu. Kwa hiyo kamera ilisema kweli pale, kwa sababu haikuwa chini ya mkono wa waliorekodiwa.

Na wewe Sina la Kuficha, babu yangu alivaa kipande, kile kitambulisho cha lazima cha wakati wa ukoloni, shingoni, kwenye kijisanduku cha chuma. Sheria yake ilikuwa ya 1915, ikaanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza. Mle ndani kulikuwa na alama za vidole na jina la mwajiri. Akitoka shambani kwa Mzungu bila kutiwa sahihi, popote atakapopatikana anarudishwa au anafungwa. Hakuwa mhalifu. Nyumbani kwetu hadithi hiyo haikusimuliwa kwa kicheko. Nasisitiza kamera zifungwe, ila sitaki tena kusikia mtu akisema asiye na kosa haumizwi na kumbukumbu.

Fundi Waya

Nafunga kamera mitaa ya Eastlands, Katibu, kwa hiyo nikueleze kilichomo ndani ya hiyo kwotesheni hata kama hakijaandikwa.

Kisanduku kikitoka dukani kina jina la mtumiaji na nenosiri la kiwandani, na sehemu nyingi nilizoitwa kurekebisha nimelikuta halijabadilishwa. Fundi aliyefunga anaunganisha na simu yake ili apime picha, anaondoka, na hakuna anayemwondoa kwenye mfumo. Maana yake kuna kijana amekaa kwake anaweza kuona mnatoka saa ngapi na nyumba gani haina mtu. Mwambieni mwenyekiti: siku ya kukabidhiwa, nenosiri libadilishwe mbele ya kamati, na mfungue orodha ya simu zilizounganishwa mzisome moja moja.

Diski ya terabaiti moja kwa kamera nane itajaa kwa wiki moja hivi, kutegemea ubora wa picha, kisha inaandika juu ya za zamani. Mkitaka wiki mbili ongezeni diski. Msikubali kuuziwa miezi sita. Wizi wa mtungi mtaujua kesho yake, mna haja gani na picha za Januari mkiwa Juni?

Kuna kitu wateja hawaulizi kabisa: ndani ya mipangilio unaweza kuziba kipande cha picha kikawa cheusi. Kamera ya maegesho ikiwa inachungulia dirisha la bafu la nyumba ya pembeni, naziba pale, inabaki na magari tu. Ni kazi ya dakika chache. Nimewahi kukuta kamera ya ploti inaangalia moja kwa moja kamba ya nguo na mlango wa choo cha nje, na mwenye ploti anaitazama kutoka kwake jioni. Niliigeuza, tukakosana, sikulipwa.

Tableti ndiyo inayonitisha. Picha za vitambulisho na nyuso haziendi kwenye kisanduku chenu, zinaenda kwa kampuni ya programu, na muuzaji mara nyingi hajui hata seva iko nchi gani. Muulizeni kampuni ikifungwa picha zinakwenda wapi. Mkiona anatabasamu bila kujibu, mmeshajua.

Ibara31

Niongeze upande wa sheria, nitajaribu kutochosha.

Ibara ya 31 ya Katiba inakulinda usipekuliwe ovyo, habari za familia yako na mambo yako ya faragha zisitakwe wala kuanikwa bila sababu, na mawasiliano yako yasiingiliwe. Ibara ya 24 nayo inakubali haki hiyo ipunguzwe, mradi iwe kwa sheria na kwa kiasi kinachofaa. Kwa hiyo Mzee wa Reli na BintiEastlands wote Katiba inawasikia. Kazi iko kwenye hicho kiasi.

Serikali imeachiwa nafasi pana. Polisi akitaka kunasa simu ya mshukiwa wa ugaidi, sheria ya kuzuia ugaidi ya 2012 inamtaka apate amri ya Mahakama Kuu. Marekebisho ya sheria za usalama ya 2014 yakavifungulia vyombo vya usalama zaidi, na Februari 2015 mahakama ilipofuta vifungu vinane vya marekebisho hayo, hicho cha kunasa mawasiliano ilikiacha. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 pia inatoa msamaha panapohusika usalama wa taifa. Mtu akitaka kupigana na hilo, uwanja ni Bungeni na mahakamani. Wabunge husikia wakibanwa: mwaka 2025 walikataa pendekezo la kuipa KRA, mamlaka ya ushuru, mlango wa data za wateja wa biashara.

Lakini korti ya Buruburu si idara ya ujasusi. Nyinyi sheria inawabana moja kwa moja. Kanuni za usajili zinataja kwa jina uendeshaji wa kamera za ulinzi na usimamizi wa nyumba, kwa hivyo udogo wenu hauwaokoi: mnajisajili kwa Kamishna wa Data. Kabla ya kukusanya nyuso na vitambulisho mnapaswa kufanya tathmini ya athari kwa data za watu, na hapo ndipo wakubwa walipojikwaa. Oktoba 2021 Mahakama Kuu ilisema Huduma Namba, ule mfumo wa kitambulisho cha kidijitali wa serikali, ilizinduliwa kinyume cha sheria kwa kukosa tathmini hiyo. Mei 2025 ikasema hivyo hivyo kuhusu Worldcoin, wale waliopanga watu foleni kwenye jumba la mikutano la KICC mwaka 2023 wawapige picha za mboni za macho kwa tokeni za kama shilingi elfu saba, na ikaamuru data ifutwe.

Buku la soja nalo lina mipaka. Sheria ya walinzi wa kibinafsi ya 2016 inamruhusu mlinzi kukuuliza wewe ni nani, kuandika saa za kuingia na kutoka, na kushika kitambulisho kwa muda. Haimruhusu yeyote kuyatumia hayo kwa jambo lingine. Yule wa blauzi ya kijani alivunja sheria, dada, na jengo lililoacha buku wazi lina la kujibu. Malalamiko kwa Kamishna hayalipiwi, na sheria inataka uchunguzi umalizike ndani ya siku 90.

Na klipu ya yule binti wa kazi, Katibu, msiichukulie kama umbea. Septemba 2023 Kamishna aliitoza shule moja shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za watoto bila idhini ya wazazi, na klabu moja ya hapa Nairobi shilingi 1,850,000 kwa kuchapisha picha ya mteja aliyekuja kustarehe tu. Huyo hakuitwa mwizi.

BintiEastlands

Ibara31 asante. Sikujua kama naweza kulalamika mwenyewe bila wakili. Nitaandika.

Sina la Kuficha

Sawa, nimesoma yote. Mzee umeninyamazisha na hiyo ya kipande. Ila niambieni jambo moja: hayo masharti yote yakiwekwa, mwizi akiingia saa nane usiku, kamati itakuwa bado inatafuta mwenye ufunguo?

KatibuBuru

Wakuu, nimekaa na majibu yenu nikayaandika kwa lugha ya kikao. Haya ndiyo nitakayopeleka, na nitayatetea hata nikibaki peke yangu.

Kamera zifungwe, lakini zitazame geti, maegesho na ukuta wa nyuma. Hakuna kamera itakayotazama mlango, dirisha au kamba ya nguo ya mtu, na pale isipowezekana Fundi aizibe kama alivyoeleza. Rekodi zikae siku 14 kisha zijifute. Kisanduku kiwe ndani ya kabati la chuma, na nenosiri ligawanywe: nusu kwa mweka hazina, nusu kwa mwakilishi wa wapangaji. Nasisitiza mpangaji, maana kamati yetu yote ni wenye nyumba, na wanaoshukiwa kila mara ni wapangaji na wafanyakazi wao. Kila rekodi ikifunguliwa iandikwe nani, lini na kwa nini, na mkazi yeyote aweze kuomba kusoma hayo maandishi.

Picha haitapewa mtu yeyote asiye polisi mwenye nambari ya OB, ile ya kitabu cha matukio cha kituo. Akitaka mwenyekiti, nambari ya OB. Akitaka mchungaji, nambari ya OB. Kwenye WhatsApp isiingie kabisa, na lile kundi lisafishwe wabaki wanaoishi hapa.

Tableti naipinga. Badala yake mgeni aseme anaenda nyumba gani, soja apige simu, mwenyeji akubali au akatae. Soja aandike nambari ya nyumba, saa, na nambari ya gari kama lipo. Mwenyeji ndiye anayemjua mgeni wake, na kukitokea jambo ndiye atakayeulizwa. Mabuku yakijaa yaletwe kwa katibu, yakae miezi mitatu, kisha yachomwe mbele ya watu wawili. Soja alipwe muda wa kufundishwa haya, na asikatwe mshahara kwa mstari mtupu. Usajili kwa Kamishna wa Data nitaushughulikia mimi.

Na kabla ya ajenda ya kamera, nitaomba aliyeweka ile klipu aandike msamaha kwenye kundi lile lile, kwa jina la binti, na mwajiri wake amfikishie. Wengine wameshanipigia kwamba nafukua yaliyopita. Kwangu hiyo ndiyo ajenda ya kwanza. Kamati isiyoweza kumsafisha mtu iliyemchafua kwa kamera moja haina haki ya kuongezewa nane.

Ndugu Sina la Kuficha, swali lako ni la haki. Skrini ya moja kwa moja itakuwa kwa soja usiku kucha, bila nenosiri. Akiona mtu ukutani anapiga king'ora na kuita wenzake hapo hapo. Kinachofungwa kwa watu wawili ni rekodi za nyuma tu, na hizo hazimkamati mwizi saa nane usiku, zinasaidia asubuhi ukienda kituoni.

Soja wa Zamu

Katibu, hayo ya kupiga simu ni mazuri lakini mtupe simu ya kazi na muda wa maongezi. Tukitumia zetu, nambari zenu zote na za wageni zitabaki kwenye simu ya kila soja atakayepita hapo. Na makampuni hutuhamisha kila mara.

KatibuBuru

Kweli kabisa, hilo sikuwa nimelifikiria. Naongeza: kabambe ya geti, ile simu ndogo ya vitufe, inabaki getini, ina nambari za nyumba bila majina. Fundi, nitakutafuta unipe bei ya diski ya pili.

Fundi Waya

Nitumie ramani ya korti kwanza, hata ya kuchora kwa mkono, nione madirishani kwa watu ni wapi. Bei inafuata hapo.

Mzee wa Reli

Na hayo masharti yabandikwe getini kwa Kiswahili, herufi kubwa, ili mgeni ayasome kabla ya kujibu swali lolote. Mkutano ni saa ngapi? Nina mpwa wangu anayekaa korti hiyo, nitamwambia asikose.

KatibuBuru

Saa tisa alasiri, Mzee, chini ya ule mwembe wa maegesho. Wapangaji wote wana kura.